Barua ya cheo ikishatoka, mshahara wake ni deni

Mtumishi wa chuo kikuu cha umma hapa Tanzania akianza kufuatilia mshahara wa cheo kipya, jibu analolisikia mapema kabisa ni kwamba kupanda cheo si haki. Ni uamuzi wa mwajiri, kwa kuzingatia ikama, yaani idadi ya watumishi iliyoidhinishwa, na bajeti. Kabla barua haijatoka, nakubali. Lakini barua ikishasainiwa, ikataja cheo, ngazi ya mshahara na tarehe ya kuanza kutumika, na mtumishi akaanza kazi za cheo hicho, mambo ya hiari ya mwajiri yamekwisha. Hapo pana deni, na mtu hapaswi kubembeleza alipwe jasho lake.

Ninamfahamu fundi sanifu wa maabara katika chuo kimoja aliyekwama hapo. Faili lake la madai nimelishika mwenyewe: barua ya ajira, ya kuthibitishwa kazini, ya kupandishwa cheo, hati za mshahara za kabla na baada, na jedwali alilolipiga mistari kwa rula. Mwezi, alichostahili, alicholipwa, tofauti. Safu ya tofauti ni namba ileile kutoka juu mpaka chini, maana mshahara haukuguswa. Kazi iliguswa siku ileile: anasimamia mafundi wenzake, anasaini maombi ya kemikali, anaitwa usiku umeme ukikatika na sampuli ziko kwenye jokofu. Chuo kinamwambia jina lake lilishapelekwa Utumishi, ofisi ya Serikali inayosimamia watumishi wa umma. Utumishi wanamrudisha kwa mwajiri. Hazina nao wanalipa kilichomo kwenye mfumo, na kwenye mfumo bado ana cheo cha zamani.

Wengi wa rika lake walikumbwa na mwaka 2016, Serikali iliposimamisha upandishaji vyeo kupisha uhakiki wa watumishi hewa na vyeti. Uhakiki wenyewe ulikuwa na sababu. Aprili 2017 orodha ya wenye vyeti vya kughushi ilitajwa kuwa na watu 9,932. Ila waliokuwa na vyeti halali nao walisimama kwenye foleni hiyohiyo, na wapo waliokuwa wameshashika barua zikafutwa. Baadaye ukaja mserereko, yaani utaratibu wa kuwafikisha kwenye vyeo walivyostahili. Ni hatua njema, nami naishukuru. Lakini kumpandisha mtu leo hakujibu swali la fedha za miaka aliyochelewa.

Basi aende kwenye sheria? Hapo ndipo ninapoumia zaidi. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inamtaka mwajiri alipe mshahara kwa wakati, na Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, ipo kwa ajili ya migogoro kama hii. Lakini tangu 2016, kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma kinamtaka mtumishi wa umma amalize kwanza ngazi zote za ndani ya utumishi. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, katika shauri la mfanyakazi wa Shirika la Posta, ilisema wazi kwamba mtumishi wa shirika la umma ni mtumishi wa umma, kwa hiyo CMA haikuwa na mamlaka. Mwenendo wa CMA na wa Mahakama Kuu ukabatilishwa. Hebu fikiria mtu amepambana hadi ngazi ya juu kabisa, kisha anaambiwa aliingilia mlango usio wake.

Kuna na siku za kuhesabu. Kanuni za CMA za 2007 zinatoa siku 30 kwa mgogoro wa kuachishwa kazi na siku 60 kwa migogoro mingine. Mtumishi mstaarabu anayesubiri majibu ya afisa utumishi, asiyetaka kuonekana mkorofi, ndiye siku zinamwishia. Kuomba kuongezewa muda kunaruhusiwa, lakini hilo nalo ni shauri ndani ya shauri, na wakili hafanyi kazi bure.

Na hasara haiishii kwenye mshahara. Pensheni ya PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii wa watumishi wa umma, hukokotolewa kwa wastani wa mishahara ya miaka mitatu iliyo bora ndani ya miaka 10 ya mwisho ya utumishi. Cheleweshea mtu cheo akiwa na miaka 56, na umeshamkata pensheni ya kila mwezi mpaka siku ya kufa kwake. Ibara ya 23 ya Katiba inazungumzia ujira unaolingana na kazi. Sioni ujira huo hapo.

Najua bajeti ya mishahara ni finyu. Basi chuo kisitoe barua kabla ya kuhakikisha fedha ipo, kuliko kutoa barua na kumwachia mtumishi mzigo wa kuitafutia pesa. Kumbukumbu zote anazo mwajiri: faili, tarehe, mfumo wa mishahara. Yeye ndiye awajibike kueleza kwa nini hajalipa.

Na Bunge likirekebishe kifungu cha 32A. Mwajiri apewe muda maalumu wa kujibu madai ya mshahara kwa maandishi, siku 60 zinatosha. Akikaa kimya, ukimya huo uhesabiwe kuwa amekataa, mlango wa CMA uwe wazi kwa mtumishi, na siku zake za kufungua shauri zianze kuhesabiwa hapo.