Ngazi ya jirani na njia ya mama

Jana nimekuta barua kwenye sanduku langu hapa Dortmund, Ujerumani. Jirani anataka kutengeneza mfereji wa paa lake, na ukuta wake uko mpakani kabisa, kwa hiyo anaomba kusimamisha ngazi upande wangu Jumanne na Jumatano, saa tatu asubuhi hadi saa nane mchana. Kaahidi na kurekebisha majani yatakayokanyagwa. Sheria ya huku inaiita haki ya nyundo na ngazi. Nikikataa bila sababu, anaweza kwenda mahakamani na hakimu akaniamuru. Nimeisoma mara mbili, kisha nikampigia mama simu.

Mama hana njia. Kiwanja chake, pembezoni mwa Dar, baba alikinunua mwaka 1994 kwa mzee mwenye shamba: hatua 30 kwa 20, mashahidi mjumbe na majirani wawili, mpaka minyaa. Njia kila mtu aliijua, haikuandikwa popote. Mwaka 2018 kiwanja cha mbele kikauzwa, mnunuzi akapandisha ukuta. Tangu hapo mama anapita uani kwa watu, kwa hisani yao. Baba alipofariki mwaka 2020, jeneza tulilipitisha juu ya ukuta, vijana sita huku, sita kule.

Kwa wale watakaoniuliza kwa nini hatukushtaki: tumeshtaki. Baraza la kata tulishinda. Mwenzetu akakata rufaa baraza la wilaya, na hoja yake haikuhusu njia hata kidogo, ilikuwa kwamba wajumbe wanawake wa baraza la kata hawakutimia. Sheria ilitaka wajumbe wanne hadi wanane, watatu kati yao wanawake. Shauri likafutwa, tuanze upya. Tukiwa tunajipanga, mwaka 2021 sheria ikabadilika, kata ikabaki na usuluhishi tu. Sasa tuko wilayani, tunapigwa kalenda. Mama ana miaka 71 na anapanda daladala mbili kwenda kusikia tarehe nyingine.

Najua nitaambiwa Ulaya imenilevya, nawadharau wenzangu. Sidharau mtu. Wajerumani nao wanagombana, tena kwa matawi ya mti yaliyovuka uzio. Ninachokionea wivu ni kimoja: njia huandikwa kabla ya ugomvi. Mahakama ya mwanzo ya eneo hutunza daftari la ardhi, na humo, chini ya kiwanja chenyewe, huandikwa kwamba fulani ana haki ya kupita hapa. Ukinunua, umenunua pamoja na njia ya mwenzako. Na aliyezungukwa pande zote bila njia analindwa na kifungu cha 917 cha sheria yao ya madai, inayotumika tangu mwaka 1900: jirani lazima amvumilie apite, naye amlipe kila mwaka.

Msiniambie sisi hatuna sheria. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inaitambua haki ya kupita kwenye ardhi ya mwingine. Lakini isajiliwe wapi, kwenye kiwanja ambacho ramani yake ni hatua za mzee na minyaa iliyokwisha kung'olewa? Mzee mwenyewe alifariki mwaka 2019. Kama mtaa wenu uko kwenye urasimishaji sasa hivi, yaani viwanja vinapimwa na kusajiliwa, nawasihi, simamieni njia ichorwe kwenye ramani kabla jirani hajauza.

Wengine hutuambia, "Zungumzeni, sisi hatuna utamaduni wa kushtakiana." Tumezungumza mpaka midomo imekauka. Na hapa ndipo ninapoumia zaidi, maana aliyejenga ule ukuta ndiye aliyeleta maturubai ya msiba, akalala matangani siku tatu, na jeneza la baba alilipokea upande wa pili kwa mikono yake mwenyewe. Huku sijaona jirani wa kulala msibani kwangu siku tatu. Watu wetu najivunia kwa hilo na nitawatetea popote. Siku ya nne maturubai yalikunjwa, na ukuta ulikuwa pale pale.

Mama alinisikiliza habari za ngazi mpaka mwisho, halafu akauliza, "Na akimaliza, anaiondoa?"

Nikamwambia Jumatano, saa nane mchana.

Akanyamaza kidogo, kisha akanikumbusha nitume nauli. Shauri limepangwa tena tarehe 14 mwezi ujao.