Kamera isiyosema kitu Bridgewater: ilikuwa haki au la?

Frederick Wiseman alikuwa mwanasheria kabla ya kuingia kwenye filamu, alifundisha sheria Boston na alikuwa anawapeleka wanafunzi wake Bridgewater, hospitali-gereza la wagonjwa wa akili kule Massachusetts, Marekani. 1966 akarudi na mpiga kamera, kinasa sauti kabeba mwenyewe, na 1967 ikatoka filamu yake ya matukio halisi, Titicut Follies. Hakuna msimuliaji, hakuna mahojiano, hakuna muziki wa kuwekewa juu ili ujue sasa ulie. Unaangalia tu.

Na unachoangalia si kidogo. Kuna mzee kagoma kula, yuko uchi, daktari anampitishia mpira puani amlishe kwa nguvu huku sigara iko mdomoni, jivu limerefuka juu ya faneli mpaka unabaki unasubiri lidondoke. Katikati ya hapo ghafla unaonyeshwa huyo huyo mzee keshakufa, ananyolewa ndevu taratibu kwa uangalifu ambao akiwa hai hakuupata.

Serikali ya jimbo ikakimbilia mahakamani, eti faragha ya wagonjwa imevunjwa. Jaji 1968 akaamuru nakala ziharibiwe, rufaa 1969 ikalegeza kidogo, waone madaktari, wanasheria na wanafunzi wa fani hizo basi, mtu wa kawaida akasubiri mpaka 1991. Kinachochekesha, Elliot Richardson akiwa naibu gavana ndiye aliyesaidia ruhusa ya kurekodi ipatikane, alipokuwa mwanasheria mkuu wa jimbo akageuka kuipinga. Yaani waliomvua mtu nguo na kumfungia kwenye chumba kitupu leo ndo wanamwonea aibu? Hapo nina wasiwasi kwamba aliyekuwa anafichwa ni askari jela na si mgonjwa.

Ila hoja yenyewe ina uzito hata kama aliyeileta ana lake. Mtu ambaye akili haijatulia anakubalije kurekodiwa? Mkuu wa gereza kukubali kwa niaba yake mimi siihesabu kama ruhusa, maana huyo ndo kamshikilia. Na sisi wenyewe tunajua ilivyo, mtu anarekodi mgonjwa wodini na simu, anapost, halafu anasema anaelimisha jamii.

Wanaoitetea kwa kusema kamera ilitazama tu haikuhukumu, hapo siwaelewi. Ndani ya kile chumba hakuna aliyeona mpira wa puani na maiti kwa wakati mmoja, hiyo imetengenezwa mezani wakati wa kuhariri filamu, na ni hukumu kali kuliko maneno ya msimuliaji yeyote. Kwangu mimi hiyo ndo inayoitetea filamu vizuri zaidi, kuna mtu kachukua msimamo na anaweza kuulizwa.

Ningekuwa jaji ningeiachia mapema, na walio hai wafichwe sura, ingawa sijui ungebaki na nini pale ambapo mgonjwa mmoja, mwalimu wa zamani, anazungushwa na askari, wanamuuliza swali lile lile la chumba chake mpaka anapiga kelele, na kila kitu kiko usoni.