Kivinje Ipewe Asubuhi Yake

Ratiba za ziara ya siku moja Kilwa zinazozunguka kwenye magrupu ya WhatsApp zimezaliwa tumbo moja. Asubuhi mnavuka kwenda Kisiwani, mchana bado mko Kisiwani, mnarudi Masoko kula, kisha, kama jua bado lipo na dereva hajaanza kununa, mnapitia Kilwa Kivinje mkielekea Nangurukuru, njia panda ya barabara kuu. Watu wanashuka kwenye Coaster, wanapiga picha mbele ya mlango mmoja wa nakshi, wananunua korosho, wanapanda gari. Dakika arobaini, zikizidi sana saa moja.

Mimi naona mambo yamepinduliwa. Mtanzania mwenye siku moja tu ya kuijua Kilwa aanze na Kivinje, tena kwa saa za kutosha, Kisiwani ifuate. Najua wenzangu wapenda magofu watanijia juu.

Kwa asiyewahi kufika: Kilwa ziko tatu. Masoko ndiyo makao makuu ya wilaya, kuna gati, nyumba za wageni na ofisi unakolipia kibali cha kwenda kwenye magofu. Kisiwani iko ng'ambo tu, unavuka kwa boti ya mashine au mashua. Kivinje iko kaskazini, nusu saa hivi kwa gari, kwenye ufuko wa mikoko ambako maji yakitoka yanakwenda mbali mpaka vyombo vinabaki vimelala ubavu kwenye tope.

Kisiwani haihitaji mtetezi. Iliingizwa pamoja na Songo Mnara, kisiwa jirani chenye magofu, kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 1981, ikawekwa kwenye orodha ya hatari 2004, ikatolewa humo 2014 baada ya kazi kubwa ya kukarabati kuta na kuzuia bahari isile ufuko. Sehemu ya kaskazini ya Msikiti Mkuu ni ya karne ya 11. Ule upanuzi wenye kuba ulikuja karne ya 14, enzi za Sultani al-Hasan bin Sulaiman. Huyo huyo ndiye anayehesabiwa kuwa alijenga Husuni Kubwa, jumba lililokaa juu ya jabali likitazama bahari, lenye birika la pembe nane, na ambalo halikumalizika. Fedha zilitoka kwenye dhahabu ya Sofala, bandari ya pwani ya Msumbiji ya leo, ambayo biashara yake Kilwa iliishika mkononi. Sarafu za Kilwa zimeonekana hadi Zimbabwe Kuu, na chache ziliokotwa mwaka 1944 kwenye kisiwa cha kaskazini mwa Australia. Zilifikaje huko, wataalamu bado wanabishana.

Kiongozi mzuri atakuonyesha, pale pa kutawadhia msikitini, mawe ya mviringo ambayo watu walisugulia nyayo kabla ya kuingia. Kwangu mimi mawe hayo yanazishinda kuba zote. Unamwona mtu katoka kwenye tope la ufukweni, kanzu kaikunja mkononi, anasugua kisigino haraka haraka maana iqama imeshakimiwa.

Kwa hiyo sisemi mtu asiende. Ninachogombana nacho ni jinsi Kisiwani inavyosimuliwa. Kila mwongozaji anayo habari ya Ibn Battuta, msafiri wa Morocco, aliyefika mwaka 1331 na kumsifu sultani kwa ukarimu, yule yule al-Hasan, aliyepewa lakabu ya Abu al-Mawahib, baba wa zawadi. Fakiri mmoja kutoka Yemen alimwomba nguo alizovaa, akamvulia akampa. Hapo wageni wote wanaguna kwa kupendezwa, na mwongozaji anageukia ukuta unaofuata. Lakini kisa hakiishii kwenye nguo. Zawadi ile iliongezewa watumwa na mizigo ya pembe za ndovu. Tena msafiri huyo huyo anasema sultani alikuwa akifanya mashambulizi bara na kurudi na ngawira. Nimewasikiliza waongozaji kadhaa, na wengi wanakikata kisa pale pale, kwenye kanzu. Baada ya hapo inakuja dhahabu, vinakuja vyombo vya kauri kutoka China, halafu Wareno wa Francisco de Almeida wanaupora mji mwaka 1505. Mtu anarudi kwenye boti kifua mbele: sisi tulikuwa matajiri na waungwana, ubaya ulikuja na meli.

Kivinje haikupi raha hiyo.

Mji ule ulikua katika karne ya 19, wakati Kisiwani inafifia. Misafara kutoka upande wa Ziwa Nyasa, mingi ikiongozwa na Wayao, ilifikia hapo na meno ya tembo, na watu. Katika bandari za bara zilizolisha soko la Unguja, Kivinje ndiyo iliyotia fora kwa biashara ya watumwa. Mwaka 1873 Sultani Barghash wa Zanzibar alipotia saini mkataba wa kufunga masoko na kuzuia watumwa wasisafirishwe baharini, wafanyabiashara wa Kilwa hawakufunga maduka. Waliwatembeza watu kwa miguu kuelekea kaskazini, kupitia Rufiji, mwambao mzima, mpaka mwaka 1876 Barghash alipopiga marufuku na misafara ya nchi kavu. Sisi tunaotoka Dar tunaushuka mwambao ule ule, kupitia Kibiti na Ikwiriri, kiyoyozi kimewashwa, tunabishana nani achague muziki. Sijawahi kusikia mwongozaji akilitaja hilo ndani ya gari, wakati ndipo mahali pake hasa.

Halafu kuna Hassan bin Omari Makunganya. Wajerumani walimnyonga Kivinje mwaka 1895 pamoja na wenzake kwa kuupinga utawala wao, na mahali pale panaitwa Mwembe Kinyonga hadi leo, pana mnara wa kumbukumbu. Ukipelekwa mbio mbio utaambiwa: shujaa aliyepigania uhuru, piga picha, twende. Ukiwa na saa moja na mtu anayeujua mji, utaambiwa na lingine, kwamba Makunganya alikuwa tajiri wa misafara, na biashara ya misafara ile ilikuwa pembe na watumwa. Alipigana na wakoloni, na sehemu ya alichokuwa akikilinda ni biashara hiyo. Nimewahi kuona kundi zima la walimu likibishana chini ya mnara ule mpaka dereva akapiga honi. Mmoja alisema jina lake lifutwe kwenye orodha ya mashujaa, mwingine akamuuliza kama anajua babu yake mwenyewe alikuwa upande gani wa mnyororo. Kwenye birika la pembe nane sijaona watu wakibishana hivyo.

Na ukiipa mgongo bahari, nyuma ya Kivinje, kaskazini magharibi, kuna vilima vya Matumbi, ambako wananchi waling'oa pamba ya Wajerumani Julai 1905 na Maji Maji ikaanza. Kinjikitile Ngwale, mganga aliyegawa maji ya dawa, alinyongwa Mohoro mapema Agosti, kabla vita havijashika kasi. Ni miaka kumi tu imepita tangu Makunganya. Mtoto aliyeshuhudia kamba ya kwanza akiwa madrasa alikuwa kijana wa kuoa ilipofika ya pili.

Sasa mji wenyewe. Kuna nyumba za mawe ya matumbawe na chokaa, boriti za mikoko, maduka ya zamani ya Wahindi yenye baraza mbele, na jengo la Wajerumani upande wa bahari ambalo miti imeshajichukulia vyumba. Nyingine zimebaki kuta tupu. Nyingine zina watu, nguo zimeanikwa, redio inasema. Mara ya mwisho nilipokuwa huko tulimkuta bibi mmoja barazani anakuna nazi, tukamwamkia.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba wajukuu zangu. Mmefika lini?"

"Leo bibi, na tunaondoka sasa hivi."

"Sasa hivi? Basi hamjafika. Kaeni."

Wenzangu walicheka wakaendelea kuelekea garini. Tuliobaki tulioneshwa chumba chake. Boriti mbili zilikuwa zimeoza kwenye ncha, pale zinapoingia ukutani, na chini yake pamesimamishwa gogo la mnazi. Ukutani palikuwa na kiraka cha saruji, kijivu, na pembeni mwa kiraka chokaa ya zamani imetutumka na kumomonyoka kama unga. Bibi alisema mwanawe alikipiga kiraka kile masika moja nyuma, na tangu hapo ukuta unalia zaidi. Ndivyo inavyokuwa: ukuta wa matumbawe na chokaa unapumua, unyevu unaingia na kutoka, ukiuziba kwa saruji, maji yanatafuta njia pembeni na kubomoa. Mafundi wa Kisiwani wanalijua hili, ndiyo maana kule kazi ilifanywa kwa chokaa. Lakini chokaa inataka kuchomwa, kulowekwa, kusubiriwa, na fundi anayeijua. Mfuko wa saruji uko dukani kesho asubuhi. Kwa hiyo magofu yasiyo na mtu ndani yamepata chokaa, na nyumba yenye bibi ndani imepata saruji.

Hapo ndipo suala la ratiba linapokuwa suala la pesa. Kisiwani kuna kiingilio, kuna boti, kuna risiti. Kila mmoja kwenye mnyororo ana chake, na mwandaaji ana kitu cha kuandika kwenye bei ya kifurushi. Kivinje unaingia bure, basi kwa mwandaaji ni muda unaopotea. Ila kundi la watu ishirini likianza siku pale, wakanywa chai na vitumbua, wakala supu ya pweza sokoni, wakamlipa kijana wa mji awatembeze, hela hiyo inabaki mtaa ule ule. Siyo nyingi. Haitamwezekea bibi paa. Lakini inampa mwanawe sababu ya kuiona nyumba ile kama kitu cha kutunza badala ya mzigo wa kungoja udondoke.

Watu wa boti wana hoja, na siwezi kuipuuza. Kusi likivuma, hasa Juni mpaka Agosti, mlango wa Kisiwani huchafuka mchana, na nahodha mwenye akili anataka kuvuka mapema. Wanaosema "asubuhi Kisiwani" hawakuitoa kichwani tu. Jibu langu ni kwamba miezi hiyo geuzeni siku kweli kweli: vukeni alfajiri, rudini saa tano, halafu Kivinje ipewe alasiri nzima mpaka magharibi, na mlale huko huko au Masoko. Kaskazi likishika, na bahari ikiwa shwari, kuweni Kivinje saa kumi na mbili na nusu. Samaki wanashushwa, wanunuzi wanabishana bei, wanafunzi wanakwenda shule, na jua bado lina adabu. Saa tatu na nusu mnaondoka, mnavuka mkiwa mmeshiba. Jua la Kisiwani mchana ni kali, nakubali. Bebeni kofia.

Kitu ambacho hakiwezekani ni kutoka Dar na kurudi siku hiyo hiyo. Ni zaidi ya kilomita 300 kila upande. Daraja la Mkapa pale Rufiji lilipofunguliwa mwaka 2003 tuliagana na foleni za pantoni, na tangu hapo watu wanadhani Kilwa ni Kigamboni. Mei 2024 kimbunga Hidaya na mvua zake zilikata barabara maeneo ya Somanga, magari yakakwama siku kadhaa. Lala Masoko usiku wa kuamkia ziara. Ukipita Somanga nunua samaki wa kukaanga, ila chagua aliyetoka kwenye mafuta mbele ya macho yako.

La mwisho ni mwongozaji. Kikundi kimoja nilichoambatana nacho kilikuja na mwongozaji wake kutoka mjini, kijana mchangamfu, sauti nzuri, na kwake kila tundu la ukutani lilikuwa mahali pa kufungia watumwa. Tundu la boriti, watumwa. Shubaka la taa, watumwa. Birika la Husuni Kubwa nalo likawa la kuoshea watumwa kabla ya mnada. Mzee wa Kisiwani aliyekuwa ameketi kivulini alimsikiliza mpaka mwisho kisha akauliza kwa upole, "Na choo kilikuwa wapi, mwanangu?" Hakujibiwa. Yule kijana hakuwa na nia mbaya. Alijua tu kwamba wageni wanataka kuhuzunika kidogo, na akawapa huzuni mahali isipo, ili jioni awapitishe mbio mahali ilipo.

Kwa hiyo kabla ya kutuma hela kwa mwandaaji, muulize mwongozaji anaishi wapi. Kivinje na Kisiwani kuna watu wazima kwa vijana wanaoijua miji yao nyumba kwa nyumba, nani alijenga, nani alirithi, nani aliuza mlango. Mlipe huyo vizuri, na umwache azungumze hata akitoka nje ya mada.

Wapo wanaoniuliza kama Lindi na Mikindani haziwezi kubanwa kwenye safari hiyo hiyo. Haziwezi. Mikindani ina boma lake la mwaka 1895 na bandari aliyoondokea Livingstone 1866 kwenda bara kwa safari yake ya mwisho, na ina ugomvi wake kuhusu nani anasimuliwa na nani anaachwa. Hiyo nitaiandikia peke yake.