Mbuzi wa Msalato

Nilitumwa nyama ya mbuzi. Hilo sibishi, na mke wangu ana meseji ya ushahidi: "Miguu miwili ya nyuma, usisahau, baba anaingia kesho." Alinipa elfu sitini taslimu, nikapanda daladala ya barabara ya Arusha, nikashuka mnadani Msalato saa nne asubuhi nikiwa na akili zangu timamu.

Mnada wa Msalato siku ya Jumamosi wengi mnaujua. Usiyeujua chukua moshi wa nyama choma, vumbi la Dodoma, ng'ombe wanaolia na spika tatu zinazotangaza dawa ya panya kwa mpigo, halafu katikati yake tandika maturubai ya mitumba. Mimi nilikuwa nakatiza tu kuelekea kwa wachinjaji. Kwenye turubai moja, kati ya pasi iliyokatwa waya na raba ya mguu mmoja, nikaona kimchemraba cha rangi ya fedha kinachoenea kiganjani, kimeandikwa OUYA, na pembeni yake pedi. Ya gemu, jamani.

"Hii nini?"

"Gemu hiyo, bosi. Unachomeka kwenye TV."

"Inafanya kazi?"

"Bosi, kwani hapa unaona umeme?"

Siku ile niliona amenijibu vizuri sana.

Nina watoto watatu, na hela zao zote zinaishia kwenye banda la gemu hapo Nkuhungu, mia mbili kwa mechi. Mwezi uliopita hata sadaka iliishia huko. Nikapiga hesabu kichwani nikaona nisiponunua ndiyo nitakuwa nimeharibu pesa. Alianzia elfu hamsini, tukaachana thelathini na tano. Nilipofika kwa wachinjaji nikagundua hela iliyobaki haisemi lugha moja na miguu ya nyuma. Lakini meseji ilisema miguu, nami ni mtu wa kufuata maelekezo. Nikanunua miguu minne. Ile ya chini, ya supu, yenye kwato.

Mke wangu alifungua mfuko akaziangalia zile kwato kwa muda mrefu kidogo.

"Baba watoto, miguu nimeiona. Mbuzi mwenyewe yuko wapi?"

Nikatoa ule mchemraba nikauweka mezani. Tangu siku hiyo hakuna mtu kwangu anayekiita OUYA. Kinaitwa Mbuzi.

Mbuzi anachomekwa kwenye TV kwa waya wa HDMI, na pedi yake inakula betri mbili, moja kila upande, chini ya kifuniko kinachoshikwa na sumaku. Kifuniko hicho ukikisogeza kinajibandika chenyewe, tak! Kitinda mimba wetu, miaka mitatu na nusu, alikibandua na kukibandika hadi usiku. Betri moja nilitoa kwenye tochi, nyingine kwenye saa ya ukutani. Hiyo saa ya ukutani mtaisikia tena.

Kikawaka! Nikapiga ngumi hewani. Skrini ikatoa maneno manne ya Kiingereza: PLAY, DISCOVER, MAKE, MANAGE. Kwenye PLAY hamna kitu. Kwenye DISCOVER kinazunguka tu bila kufika popote, nikalaumu bando, nikanunua jingine, kikazunguka na hilo. MAKE sikuigusa, nilidhani ni ya mafundi seremala.

Jumapili asubuhi nikamwita mpangaji wa chumba cha uani, kijana anayesoma kompyuta UDOM. Alikuja na kandambili na mswaki mdomoni, akakitazama Mbuzi, akautoa mswaki.

"Anko, hii umeipata wapi? Hii ni historia!"

Nikajua nimekwisha. Fundi akisema kitu chako ni historia, hakuna vipuri. Akanieleza kwamba mwaka 2012 watu walichangishana mtandaoni ili kitengenezwe, zikapatikana zaidi ya dola milioni 8, mwaka 2013 kikaingia madukani kwa dola 99. Ndani kina Android ya zamani, 4.1, na stoo ya GB 8. Duka lake la gemu la intaneti lilifungwa Juni 25, 2019.

"Kwa hiyo lile linalozunguka..."

"Linatafuta duka ambalo halipo, anko."

Wakati huo nilikuwa nimeshika pedi, nimefika mahali pa kufuta kila kitu kianze upya, maana kulikuwa na jina la mzungu fulani mle ndani na mimi sikai na mtu nisiyemjua. Kijana aliruka kutoka kwenye kochi.

"Anko, hapo usibonyeze! Ukikifuta kitataka ujisajili upya, na wa kukusajili waliondoka!"

Basi mzungu akabaki. Yupo hadi leo, ni kama mpangaji wa pili.

Njia iliyobaki ni kuweka gemu kwa mkono, yaani kuchukua faili la gemu lenyewe na kulisukumia ndani kutoka kwenye laptop. Kwa maneno ni dakika mbili. Kwa vitendo, tulianza kwa kutafuta waya. Nyumba nzima tulipata waya tano za simu zile za zamani, na nne ni za kuchaji tu, hazipitishi faili hata kwa maombi. Ya tano ilikuwa imefungia neti ya chumbani. Kijana akafungua dirisha jeusi kwenye laptop, akaandika maneno, akabonyeza. Gemu ya mpira, ile waliyoisubiri watoto, ikajibu kwa herufi kubwa: INSTALL_FAILED_OLDER_SDK.

"Inasemaje?" akauliza mkubwa.

"Inasema Mbuzi ni mzee," kijana akamjibu. "Gemu mpya hazikubali meno yake."

Tukashuka kwenye gemu za zamani. Ya magari ikajibu Success, na hakuna neno la Kiingereza nililowahi kulipenda kama lile. Tena ikaonekana kulekule kwenye MAKE nilikokuwa naogopa. Watoto wakapiga kelele hadi mama yao akatoka jikoni na mwiko. Kijana alikuwa na mtihani kesho yake, hivyo akaweka programu ya kufungulia mafaili, akanijazia gemu nyingine kwenye flashi, akanionyesha namna ya kuzipandisha mwenyewe.

"Ila anko, hizi tatu za mwisho uziache kwanza. Ni za simu. Nitaziangalia jioni."

Mimi ni mtu mzima. Nina kiwanja Ihumwa. Siwezi kuambiwa faili lipi nisiguse kwenye flashi iliyochomekwa kwenye mbuzi wangu mwenyewe.

Nikaigusa ya kwanza katika zile tatu. Ikapanda vizuri, nikaifungua, ikaja imelala ubavu. Ni gemu ya kindege: ukigusa kinapaa, ukiacha kinashuka, na mbele kuna nguzo asizotakiwa kuzigonga. Kwenye simu unaishika wima. Kwenye TV yangu nguzo zilikuwa zimelala kama mapipa na kindege kinapaa kuelekea dirishani. Tulijaribu kukaa vichwa upande, mimi na watoto watatu kwenye kochi moja, shingo zote zimeinamia kulia. Mke wangu alipita na beseni akatutazama, akaenda zake.

"Baba," akasema wa kati, "si tuilaze TV?"

Mtoto huyu nimemlipia ada miaka minne. Niliona hapo ndipo fedha yangu inaanza kurudi.

TV ni bapa, inchi 32, ina miguu miwili, kila mmoja skrubu mbili. Huwezi kuilaza ubavu ikiwa na miguu. Nikaleta bisibisi, nikafungua skrubu zote nne, nikaziweka kwenye kisosi, nikamwambia mkubwa, "Linda." Tukaisimamisha TV kwa ubavu juu ya meza, nyuma tukaiegemeza kiroba cha sembe cha kilo 25, pembeni mito miwili. Kuwasha, kindege kiko kichwa chini. Tulikuwa tumelaza ubavu siyo. Tukaondoa mito, tukahamisha kiroba, tukaigeuza upande wa pili. Sasa ikawa simu, simu kubwa kuliko zote Nkuhungu!

"Mume wangu, saa ngapi?" mke wangu akauliza kutoka jikoni. "Baba alisema saa kumi na mbili."

Nikatazama ukutani. "Saa tatu na ushei..." Nikanyamaza. Saa tatu na ushei ndiyo saa niliyoichomoa betri jana usiku.

Mlangoni sauti nzito ikasalimu kwa Kigogo, "Mbukwenyi!"

Baba mkwe wangu ni Mgogo wa Kongwa, mkulima, mtu wa maneno machache na fimbo moja. Alisimama pale mlangoni na begi lake. Tukampokea kwa shikamoo nne kwa mpigo. "Marahaba." Akaitazama TV. Akakitazama kiroba. Akanitazama mimi na bisibisi yangu.

"Inaumwa?"

"Hapana, baba. Tunaweka gemu."

"Ahaa."

Chakula kilikuja. Ugali wa uwele, mlenda, na supu ya kwato. Mzee aligeuza kwato moja kwa kijiko, akaigeuza tena.

"Niliambiwa kuna mbuzi."

Chumba kizima kikanyamaza. Kitinda mimba, ambaye hajui siri ni nini, akainuka, akachukua mchemraba, akampelekea babu yake kwa mikono miwili. "Babu, mbuzi huyu hapa."

Mzee akampima uzito kiganjani. "Amekonda."

Ikafika saa mbili usiku. Baba mkwe hajawahi kukosa taarifa ya habari tangu enzi za redio, na usiku huo hakuwa na nia ya kuanza. Nikaenda kwenye kisosi. Kisosi kipo, skrubu hakuna. Nikamgeukia mlinzi wangu, mlinzi akawa anatazama dari. Tulitafuta chini ya zulia, kwenye mito, tukamwaga ndoo ya takataka uani, nikapitisha mkono kwenye sembe hadi kiwiko. Wapi! Na TV bila miguu haisimami, nimejaribu, ilikaa sekunde mbili ikaja yote kifuani kwangu.

Basi taarifa ikasomwa imelala. Msomaji wa habari amelala, waheshimiwa wamelala, bunge zima hapohapo mjini kwetu limelala ubavu. Mzee alivumilia dakika tatu hivi. Kisha akainuka, akavua koti, akatandika mkeka mwenyewe, akajilaza ubavu, mkono chini ya sikio, akakaa sawa na waheshimiwa.

"Njooni," akasema. Tukalala wote, mstari mmoja, mke wangu naye, na beseni la vyombo mlangoni. Kijana wa UDOM alikuja kukagua zile faili tatu, akafungua mlango, akakuta familia ya watu sita chini. Alifunga taratibu.

Baada ya michezo, mzee akauliza ile gemu yenyewe ikoje. Mkubwa akamwekea kindege, akampa pedi, akamwonyesha pale katikati pa kugusia.

"Nikigusa anapaa?"

"Ndiyo, babu. Usimwache agonge."

Mzee akamtazama yule ndege, na uso wake ukabadilika.

"Huyu si kwelea kwelea huyu?"

"Babu, ni ndege tu."

"Nimewafukuza hawa kwenye uwele tangu nikiwa mdogo kama wewe. Leo mnanileta mjini nimsaidie kuruka?"

Akaondoa kidole. Kindege kikaanguka. "Mmoja," akasema. Kikaja kingine, akakipaisha makusudi hadi kwenye nguzo, pa! "Wawili." Watoto wakaanza kulalamika kwamba hivyo ndivyo kushindwa, akawaambia wamsubiri amalize shamba. Alipofika thelathini na kitu alisimama, akaitikisa pedi sikioni.

"Mbona kinalia kama njuga?"

Ikalia kweli, chaka chaka. Nikaona kifuniko cha upande mmoja kimebenuka. Mzee akakibandua kwa ukucha. Ndani, kando ya betri ya tochi, skrubu mbili zimening'inia kwenye sumaku, mbili zinabingirika. Wote tukamgeukia kitinda mimba. Akasema, "Tak!"

Nilifunga miguu ile kwa haraka kuliko fundi yeyote Dodoma. TV ikasimama wima, taarifa ilikwisha zamani, lakini angalau ilionekana TV ya watu wazima. Nikarudisha kiroba jikoni, nikapangusa sembe mezani, nikakaa kwenye kochi, nikapumua.

Mzee alikuwa bado kwenye mkeka, pedi mkononi. Skrini ilikuwa wima na kwelea wake amelala. Akamtazama, akainamisha kichwa huku, akainamisha kule. Halafu akaninyooshea fimbo.

"Mkwe wangu. Mlaze tena huyo mbuzi."