Mwalimu Asiyefuatwa Nyumbani: Darasa katika Sinema ya Iran

Mwalimu anachora sikio ubaoni, na kila anapowapa wavulana mgongo sauti ya kugonga inasikika kutoka madawati ya nyuma. Akigeuka, kimya. Hatimaye anawatoa nje wanafunzi saba na kuwawekea sharti: ama wamtaje aliyegonga na kurudi darasani, ama wakae nje juma zima. Filamu hiyo ya mwongozaji wa Iran Abbas Kiarostami, “Hali ya Kwanza, Hali ya Pili”, iliyokamilika mwaka 1979, ina miisho miwili. Katika hali ya kwanza mwanafunzi mmoja anamtaja mwenzake na kuruhusiwa kukaa kitini pake. Katika hali ya pili wote saba wanafunga midomo mpaka adhabu inakwisha. Kisha Kiarostami anawaonyesha wazazi na wakubwa wa nchi vipande hivyo na kuwauliza ni yupi aliyefanya sawa.

Miongoni mwa walioulizwa ni Sadegh Ghotbzadeh, aliyekuwa akisimamia redio na televisheni ya taifa baada ya Shah, mfalme wa Iran, kuanguka, Noureddin Kianouri wa chama cha kikomunisti cha Tudeh, na Sadegh Khalkhali, hakimu ambaye mahakama zake zilipeleka watu wengi kwenye kifo. Wengi wa waliohojiwa waliwasifu vijana walioshikamana. Miaka michache baadaye Tudeh ilikuwa imepigwa marufuku, Ghotbzadeh alikuwa amehukumiwa kifo na kupigwa risasi na wenzake wa jana mwaka 1982, na filamu yenyewe ikafungiwa kwa miaka mingi.

Nimeanza na filamu hii kwa sababu ndiyo inayouliza waziwazi swali ambalo filamu nyingine za Iran kuhusu shule zinalizunguka: mwalimu ana haki ya kumdai mwanafunzi wake nini? Utii, bila shaka. Bidii pia. Lakini je, ana haki ya kumdai amsaliti mwenzake? Mara nyingi mjadala kuhusu sinema ya Iran umeruka swali hili na kukimbilia jingine lililo jepesi zaidi, yaani kama mwalimu wa kwenye filamu anasimama badala ya serikali.

Wanaosema ndiyo wana hoja nzito. Iran imekuwa na udhibiti mkali wa filamu chini ya Shah na chini ya Jamhuri ya Kiislamu, na mwongozaji asiyeweza kumwonyesha polisi au hakimu anaweza kumwonyesha mwalimu mkuu bila kuulizwa maswali mengi. Katika “Msafiri” ya Kiarostami, ya mwaka 1974, mama anakwenda shuleni kumshtaki mwanawe, na mwalimu mkuu anamchapa mtoto huyo viganjani. Mtoto haungami, na baadaye anaendelea na wizi wake ili apate nauli ya kwenda Tehran kutazama mpira. Ukiitazama hiyo kama picha ya nchi ambayo miaka mitano baadaye ingelipuka kwa mapinduzi, kila kitu kinakaa mahali pake. Mtazamo huu unaeleza pia kwa nini watoto ni wengi mno katika sinema hiyo: wanaweza kukimbia, kuuliza na kudanganya mbele ya kamera mahali ambapo mtu mzima angekatwa na mkasi wa mdhibiti.

Wanaopinga wanatukumbusha jambo la kawaida zaidi. Kiarostami hakwenda shuleni kujificha. Alikwenda kwa sababu ndiyo ilikuwa kazi yake. Aliajiriwa na Kanoon, taasisi ya malezi ya kiakili ya watoto na vijana iliyoanzishwa mwaka 1965 kwa ufadhili wa Malkia Farah, mke wa Shah, na akashiriki kuanzisha kitengo chake cha filamu. Taasisi hiyohiyo ndiyo iliyochapisha kisa cha samaki mdogo mweusi cha Samad Behrangi, mwalimu wa vijijini Azerbaijan ya Iran, mwaka 1968. Kwa watu hao shule haikuwa fumbo la kitu kingine. Ilikuwa shule, yenye watoto wanaochapwa, wazazi wasiojua kusoma na walimu wenye darasa lililojaa. Anayeona serikali tu kila anapoona ubao, wanasema, hamwoni mtoto.

Kwa maoni yangu kambi hii ya pili iko karibu zaidi na ukweli, ingawa nayo inafanya haraka kumtetea mwalimu. Ukali wa mwalimu katika utamaduni wa Kiajemi haukuletwa na utawala wowote wa karne ya ishirini. Mshairi Saadi wa Shiraz, katika kitabu chake Gulistan alichokimaliza mwaka 1258, anasimulia juu ya mfalme aliyempeleka mwanawe shule na kumpa ubao wa fedha ulioandikwa kwa dhahabu kwamba ukali wa mwalimu ni bora kuliko upendo wa baba. Msomaji aliyesomeshwa chuoni na maalimu wa zamani, bakora ikiwa imelala juu ya mkeka, hahitaji kufafanuliwa maneno hayo. Filamu za Iran zinabishana na ubao huo wa fedha kabla hazijabishana na waziri yeyote.

Ubishi huo unaonekana vizuri katika “Nyumba ya Rafiki Iko Wapi?” ya mwaka 1987. Mohammad Reza Nematzadeh ameandika kazi yake kwenye karatasi badala ya daftari, mwalimu anaichana mbele ya darasa na kumwonya kwamba akirudia tena atafukuzwa. Jioni hiyo Ahmad, aliyeketi naye dawati moja, anagundua kwamba amelichukua daftari la mwenzake kimakosa, na anatoka kijiji cha Koker kwenda Poshteh kumtafuta, anarudi, anakwenda tena, bila kumpata.

Watazamaji wengi humkumbuka mwalimu yule kama mkatili, na machozi ya Nematzadeh yanawapa sababu. Lakini tusikilize anachosema. Daftari linatakiwa, anaeleza, ili kazi zote zikae pamoja na ionekane mwanafunzi ameendeleaje. Hiyo ni hoja ya mwalimu anayejali ufundishaji. Kosa lake ni kwamba hajui njia aliyopita mtoto kuja shuleni, na hataki kuijua. Kwake kijiji cha mbali ni sababu ya kuondoka nyumbani mapema, basi. Mwishoni Ahmad amemwandikia rafiki yake kazi ile, mwalimu analikagua daftari lenye ua lililokauka katikati ya kurasa na kusema vizuri. Kanuni iliyowekwa ili maendeleo ya kila mtoto yaonekane imetimizwa kwa daftari lililoandikwa na mtoto mwingine, na mwalimu hajatambua. Sioni ushindi wa watoto dhidi ya dola hapo. Naona wema uliolazimika kupita kwa mlango wa udanganyifu kwa kuwa mlango wa mbele ulifungwa na mtu asiye mbaya.

Anayetaka ushahidi dhidi ya Kiarostami mwenyewe atazame “Kazi za Nyumbani”, filamu ya hali halisi ya mwaka 1989 iliyopigwa katika shule ya wavulana Tehran. Mwongozaji ameketi nyuma ya meza, miwani myeusi usoni, na kamera ya pili inamwonyesha mpiga picha aliyemwelekezea mtoto lenzi. Mmoja mmoja wanaulizwa nani anawasaidia nyumbani, wakikosea wanafanywaje, wanapenda zaidi kazi au katuni. Wengi wanaijua adhabu kwa undani, mkanda wa baba ukiwemo. Wakiulizwa maana ya kutiwa moyo, baadhi wanaduwaa. Kisha anaingia Majid, ambaye hawezi kusimama mbele ya kamera bila rafiki yake Molai. Analia, anajikunyata, anaomba rafiki aitwe. Mtu anaweza kusema, na kwa haki, kwamba filamu inayolaani hofu shuleni imemtia mtoto hofu ileile ili kuionyesha. Jibu kwamba lengo lilikuwa jema halitoshi, kwani hata baba mwenye mkanda hudai hivyohivyo. Kinachomtetea mwongozaji kidogo ni kwamba hakujificha: alijiweka ndani ya picha, katika kiti cha mhoji, mahali ambapo mtazamaji anaweza kumhukumu.

Mwalimu mpole naye yupo. Mwongozaji Majid Majidi amempa nafasi katika “Watoto wa Mbinguni” ya mwaka 1997, ambamo Ali, anayechelewa kwa kuwa anachangia viatu na dada yake, anaokolewa na mwalimu wake asifukuzwe; na tena katika “Jua” ya mwaka 2020, kuhusu vijana wa mitaani wanaojiandikisha shule ili wachimbe hazina iliyo chini yake. Ni filamu za kupendeza, lakini wema wa walimu hao haugharimu kitu kikubwa ndani ya hadithi, na hivyo haufundishi mengi kuhusu uhusiano wenyewe.

Mwongozaji Samira Makhmalbaf alikwenda mbali zaidi. Katika “Ubao Mweusi”, iliyopata Tuzo ya Jopo la Majaji katika tamasha la filamu la Cannes mwaka 2000, walimu wa Kikurdi wanapanda milima ya mpaka wa Iran na Iraki wakiwa wamebeba mbao mgongoni kutafuta wanafunzi, na hakuna anayewataka. Watoto wanabeba magendo na hawana muda. Wazee wanataka kurudi kwao. Ubao unapakwa tope usionekane kutoka angani, unakatwa kufunga mguu uliovunjika, unatolewa kuwa mahari. Hapa nadharia ya mwalimu kama serikali inaanguka kabisa, maana huyu anaomba mwanafunzi kama wengine wanavyoomba mkate. Kuna wanaolalamika kwamba picha hiyo ni nzuri kupita kiasi, imetengenezwa kwa macho ya matamasha ya Ulaya. Huenda. Hata hivyo ndiyo filamu ya kwanza kati ya hizi inayomuuliza mwalimu amekula nini.

Kwani hilo ndilo pengo kubwa la kundi hili la filamu. Kamera inamfuata mwanafunzi mpaka nyumbani, inaona nguo kwenye kamba na mama anayefua, lakini mwalimu anabaki darasani kama kwamba analala pale. Asghar Farhadi alilijaza pengo hilo katika “Mchuuzi” ya mwaka 2016. Emad anafundisha fasihi na wanafunzi wanampenda. Mmoja anamuuliza, wakisoma kisa cha mwandishi Gholam-Hossein Saedi, mtu anageukaje kuwa ng’ombe, naye anajibu: polepole. Nyumbani mkewe anashambuliwa. Baadaye Emad anasinzia darasani, kijana mmoja anampiga picha kwa simu, na mwalimu aliyekuwa rafiki anamnyang’anya na kumdhalilisha mbele ya wenzake kwa kudai babake aitwe, baba ambaye, darasa linamwambia, amekwisha kufa. Tumeona alikotoka na hasira hiyo. Haimwondolei hatia, lakini inatuonyesha kwamba mwalimu pia hufika shuleni akiwa amebeba kitu.

Ndiyo maana nina mashaka na sehemu ya shule katika “Aya za Duniani” ya Ali Asgari na Alireza Khatami, ya mwaka 2023, ingawa ni filamu yenye ujasiri. Kamera haitikisiki, binti anayehojiwa yuko mbele yetu, na mwalimu mkuu anayemtuhumu kwamba alishushwa kwa pikipiki na mvulana ni sauti tu. Baada ya maandamano ya mwaka 2022, ambamo wasichana wa shule walivua hijabu madarasani, hasira hiyo inaeleweka, na mbinu hiyo inawafaa makarani wengine wa filamu hiyo ambao kazi yao ni kukataa. Lakini mwalimu mkuu huyu ni mwanamke aliyewahi kuketi kwenye kiti kilekile, akaulizwa maswali yaleyale, na binti anapomgeuzia kibao kwa siri anayoijua juu yake, tunanyimwa kitu tulichokihitaji zaidi wakati huo, yaani uso wa mwalimu anayetambua kwamba mbinu aliyoitumia mwanafunzi ameifundisha yeye.