Risiti mpya haifungui hukumu ya Mahakama ya Rufani

Mahakama ya Rufani ya Tanzania ikishagawa mali za ndoa, aliyeshindwa anayeishi huku Uingereza hukimbilia neno moja: mapitio. Wengine huyaita marejeo, na wengi huyachukulia kama rufaa nyingine. Sivyo. Rufaa imeisha. Mapitio ni kuwarudia majaji wale wale, jopo lile lile inapowezekana, na kuwaonyesha kwamba kimeharibika kitu kati ya vitano: kosa la wazi kwenye kumbukumbu lililozaa dhuluma, mhusika kunyimwa haki ya kusikilizwa, uamuzi kuwa batili, mahakama kukosa mamlaka, au hukumu kupatikana isivyo halali, kwa ulaghai au kwa kiapo cha uongo. Ndiyo Kanuni ya 66(1) ya Kanuni za Mahakama hiyo za 2009. La sita hakuna.

Tafuta humo "nimepata ushahidi mpya". Hulioni. Risiti za saruji na nondo zilizoibuka sandukuni, au taarifa za benki za fedha ulizotuma miaka kumi, hazina pa kuingilia. Ushahidi mpya unakubalika ngazi za chini, Mahakama ya Wilaya na Mahakama Kuu, chini ya Amri ya XLII ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, tena uonyeshe kwamba usingeupata hata kwa bidii. Muda ni siku 30, na uwe hujakata rufaa. Anayekata rufaa kwanza ndipo aanze kutafuta risiti amejifungia mlango mwenyewe.

Kosa la wazi nalo linaeleweka vibaya. Tangu 1983 Mahakama ya Rufani imekubali kwamba kazi za nyumbani ni mchango chini ya kifungu cha 114 cha Sheria ya Ndoa. Je, mchango huo ni asilimia 20 au 40? Hayo ni mapimo ya jaji, na ukitaka kuyapinga unarudi kwenye hoja za rufaa. Kosa likihitaji kurasa kumi za maelezo ili lionekane, basi si la wazi. Na kama hukumu inasema 40 lakini amri imeandikwa 30, mapitio hata hayahitajiki: Kanuni ya 42 inaruhusu makosa ya kuandika na ya hesabu kusahihishwa wakati wowote.

Siku za kuomba mapitio Mahakama ya Rufani ni 60, zikihesabiwa tangu tarehe ya hukumu, si siku nakala ilipokufikia huku kwa barua pepe. Ukichelewa unaomba nyongeza kwa Kanuni ya 10: ueleze kila siku ya ucheleweshaji, na utaje ni sababu gani kati ya zile tano utakayoisimamia. "Wakili wangu alizembea" kwa kawaida haimwokoi mtu. Hati ya kiapo iliyoapwa ughaibuni nayo huangusha maombi kwa jambo dogo: sehemu ya mwapishaji haikuandikwa mahali au tarehe. Uamuzi wa mapitio ukitoka, hakuna mapitio mengine.

England na Wales mlango nao ni mwembamba, ila umekaa pengine. Rufaa ni siku 21, na kwa kawaida unaomba kibali kwanza. Lakini Kanuni ya 9.9A ya taratibu za familia inamruhusu mtu kuirudia mahakama iliyotoa amri ya mali, bila kudai kwamba ilikosea, kwa mfano pale mwenzake alipoficha mali. Mwaka 2015 Mahakama ya Juu ya Uingereza, katika mashauri mawili yaliyoamuliwa siku moja, iliwapa nafasi wake wawili waliofichwa hali halisi ya mali za waume zao. (Nyumba kushuka bei baada ya amri, hiyo pekee haitoshi.)

Nguvu hiyo inatoka kwenye karatasi: Fomu E. Kila upande unaorodhesha kila kitu, na taarifa za benki za miezi 12. Ukidanganya, uongo wako umesainiwa. Nyumbani Tanzania anayedai kuna viwanja Kigamboni ndiye wa kuvithibitisha; aliyeficha hunyamaza tu, na kunyamaza ni vigumu kukugeuza kuwa ulaghai mbele ya majaji wa Rufani. Kwa hiyo siungi mkono wanaotaka Kanuni ya 66 ilegezwe. Nyumba ikibishaniwa miaka 15, kodi anakula mmoja. Tulegeze huko juu kwa faida ya nani? Tuilete fomu ya namna hiyo Mahakama ya Mwanzo na ya Wilaya, siku ya kwanza ya shauri.

Kabla haijaja, kusanya mapema: upekuzi wa hati kwa msajili, mikataba ya mauziano yenye mashahidi, barua ya serikali ya mtaa, taarifa za fedha ulizotuma. Na kama kiwanja kiko kwa jina la kaka, maana kwa miaka mingi aliyechukua pasi ya Uingereza hakuruhusiwa kumiliki ardhi kama raia, huyo kaka aunganishwe kwenye shauri tangu mwanzo. Mahakama ikigawa nyumba yenye jina lake bila kumsikiliza, yeye ndiye atakayekuwa na sababu ya kuivunja hukumu yako.