Mrengo wa kushoto ulipita Majengo kwanza

Kuna mwandishi anasema siasa za mrengo wa kushoto Kenya zilianza na chama cha KPU (Kenya People's Union) cha Jaramogi Oginga Odinga mwaka 1966. La, hapo umeruka ukurasa mzima, ndugu yangu.

Januari 1947 Mombasa ilisimama siku 12 kwa mgomo. Makuli wa bandari ya Kilindini, watu wa reli, maboi wa majumbani, wote chini: watu kama 15,000. Mikutano ilifanyika mtaa wa Majengo, kwenye uwanja walioubatiza wenyewe Kiwanja cha Maskini. Jina hilo tu latosha kukuonyesha walivyojua wao ni tabaka gani! Chege Kibachia akawa kiongozi wao, na kabla mwaka kwisha mkoloni akamtia kizuizini. Makhan Singh, kiongozi mwingine wa wafanyakazi ambaye hakuficha kwamba ni mkomunisti, alishikwa 1950 akaachiwa 1961.

Marehemu babu yangu alikuwa kuli. Bega lake la kulia lilikuwa na sugu ngumu kama kisigino, sababu ya magunia. Neno “ujamaa” sikumsikia akilitaja. Ila ukimwuliza kuhusu mgomo, aliweka kikombe cha kahawa chini kwanza, ndipo aseme.